Jiko Baridi Siku ya Shughuli

Karoti ukiikata leo ili iliwe kesho inaota weupe kama kisigino kisichopakwa mafuta. Tango linatoa maji. Parachichi linageuka jeusi na kukutia aibu mbele ya wageni. Nayajua haya yote kwa sababu nimekuwa mama wa nyumba yangu pale Njoro mjini kwa miaka mingi, na sikuhitaji video ya kunifundisha. Lakini mdogo wangu wa kike anayeishi Dar alinitumia video, ikafuata nyingine, kisha picha za sahani za mboga mbichi zilizopangwa rangi kwa rangi, na chini yake akaandika kwenye kundi la familia: "Dada, hivi ndivyo nataka iwe." Kaka yetu wa Arusha akaweka dole gumba. Huyo huchangia dole gumba katika kila jambo, na ukimuuliza anasema ameshachangia.

Shughuli yenyewe ilikuwa ibada ya shukrani ya Mama, nyumbani Machame. Mama alikuwa ameanguka akitoka kukata majani ya ng'ombe, mguu ukavunjika, akalala pale kwenye migomba akiita bila kusikika, mpaka jirani wa upande wa chini aliposhangaa kumsikia ng'ombe akilia bila kukamuliwa na kupanda kuangalia kuna nini. Ikawa hospitali. Ikawa kwangu Njoro, kitanda cha chumba cha wageni, miezi na miezi ya kuulizwa kila asubuhi nani anamlisha ng'ombe. Hatimaye akang'ang'ania kurudi kihambani kwake, kwenye migomba na kahawa alizoachiwa na Baba, na tukamrudisha kwa sababu hakuna aliyeweza kumshinda. Sasa alikuwa anatembea kwa fimbo, na alitaka kumshukuru Mungu mbele ya watu.

Kwenye hilo hatukubishana. Kilichopangwa bila yeye kilikuwa kitu kingine. Ibada ilikuwa Jumamosi. Jumapili, mdogo wangu angempakia Mama kwenye gari lake na kwenda naye Dar, akaishi huko. Nyumba ingefungwa, ng'ombe angeuzwa, migomba ingepata mtu wa kuiangalia. Mama mwenyewe angeambiwa Jumamosi jioni wageni wakishaondoka, "ili asipate muda wa kubishana." Hayo ni maneno ya mdogo wangu, si yangu. Niliyasoma nikiwa kwenye foleni ya kulipia maji, nikakasirika, nikaandika jibu refu, nikalifuta, nikaweka dole gumba kama kaka yangu.

Nilikuwa nimechoka, basi. Mimi ndiye niliye karibu, na kwetu aliye karibu ndiye punda. Dawa zikiisha ni mimi. Bati likivuja ni mimi. Mama asipopokea simu ni mimi napanda hadi juu roho ikiwa mkononi, naikuta simu kwenye dirisha la banda na yeye anapalilia kahawa, na ananiuliza mbona nimekuja mikono mitupu. Wale wa mbali wanatuma mapendekezo. Niliposoma kwamba atachukuliwa Dar, kitu kimoja ndani yangu kilikataa, na kingine kikakaa chini na kupumua.

Basi tukarudi kwenye mboga. Mdogo wangu alikuwa ameagiza mpishi wa kukodi kutoka mjini alete kila kitu kikiwa kimeiva: pilau, nyama, kuku, hata ndizi. Mama asichoke, alisema, na majirani wasisumbuke. Kilichobaki ni mboga mbichi, kwa sababu daktari alimwambia Mama apunguze mafuta na aongeze mboga. Daktari hakusema ziwe mbichi. Wala hakusema zipangwe mfano wa jua linalochomoza. Lakini picha ya jua linalochomoza ilikuwa tayari kwenye kundi, na ilikuwa imeshapata dole gumba.

Ijumaa mchana nilikuwa nimeshazunguka Mbuyuni kutafuta karoti zilizonyooka. Jaribu kumwambia muuza karoti unataka zilizonyooka tu uone utakavyoangaliwa. Matango na saladi nilifuata Rau, kwa mama mmoja anayelima pembeni mwa mfereji, ambaye aliniuliza kama nafungua hoteli. Nikarudi jikoni kwangu nikafunga kanga kiunoni. Karoti nilizikata vijiti vya urefu wa kidole, nikazitumbukiza kwenye maji ya baridi yenye ndimu, kwani karoti ikikaa majini haipauki. Matango niliyatoa mbegu kwa kijiko, nikayanyunyizia chumvi kidogo, nikayalaza juu ya kitambaa yamalize kulia. Hoho nilizipanga kijani, njano, nyekundu. Kabichi nililikata nyuzi nyembamba nikalifunga kwenye mfuko na kuliweka kwenye friji. Maziwa mgando niliyachuja kwenye kitambaa safi mpaka yakawa mazito kama siagi laini, nikatia kitunguu saumu na kotimiri, hicho ndicho kichovyeo, cha kuchovyea mboga. Mume wangu alipita, akachukua kijiti cha karoti, akatafuna, akauliza, "Hawa sungura wanakuja wangapi?" Nikamtoa jikoni.

Nikapiga picha nikaituma. Mdogo wangu akajibu kwa mioyo mingi, kisha akaandika: "Ila Dada, hoho nyekundu zingekaa katikati. Na parachichi silioni." Nikamwandikia kwamba parachichi halikatwi leo kwa kuliwa kesho. Akajibu: "Lakini kwenye picha lipo." Niliiweka simu kifudifudi juu ya meza, nikaosha mikono, nikakaa kwenye kigoda nikitazama ukuta. Kuna watu wanaweza kukutumikisha wakiwa mbali hivyo na bado ukajiona wewe ndiye mwenye makosa. Kisha nikainuka nikahamisha hoho nyekundu katikati.

Jumamosi asubuhi nilikodi gari. Deli la barafu nililiweka nyuma, na sahani pana, zikiwa zimefunikwa plastiki na kukazwa, nilizipakata nyingine na kuzipanga nyingine kwenye kiti. Barabara ya kupanda Machame ina kona, na kila kona jua langu moja lilikuwa linachomoza upande usiotakiwa. Nilimwambia dereva apunguze mwendo. Alipunguza mpaka tukapitwa na mtu anayesukuma baiskeli yenye mkungu wa ndizi. Nikafika nikiwa na shingo iliyokaza na magoti yenye baridi, lakini mboga zilikuwa nzima. Kusema kweli zilikuwa nzuri. Nilijisikia fahari, ile fahari ya hasira ya mtu aliyefanya kazi asiyoipenda na kuifanya sawasawa.

Mama alikuwa amekaa mlangoni kwa jiko la nje, amevaa gauni lake la kanisani na sweta, fimbo iko mapajani.

"Shikamoo Mama."

"Marahaba. Ndizi ziko wapi?"

"Zinakuja zimeshaiva, Mama. Kuna mpishi."

"Mpishi wa wapi?"

"Wa mjini."

"Na kuni nilizopasuliwa jana?"

"Hazihitajiki, Mama. Wewe leo upumzike."

"Haya," akasema Mama. Wanaomjua wanaijua hiyo haya yake. Haimaanishi kwamba amekubali, inamaanisha kwamba ameacha kukuuliza wewe na ataangalia mwenyewe.

Nilikuwa bado napanga sahani kwenye meza ndefu sebuleni nilipowasikia wanawake wanakuja. Walipita kwenye migomba, njia za juu na za chini, kila mmoja na kisu chake amekifunga kwenye pindo la kanga, wengine na mabeseni kichwani, wanacheka kwa sauti ya asubuhi. Nilipaswa kulijua hilo. Nimezaliwa pale. Siku ya shughuli, iwe harusi, kipaimara au msiba, wanawake wa jirani huja asubuhi kumenya ndizi, na hakuna anayewaita. Wanakaa duara kwenye majani makavu ya migomba, vidole vinakuwa vyeusi kwa utomvu, na yote ya mwaka mzima yanasemwa hapo: nani ameposwa, nani ameota jino, mtoto wa nani hatumi salamu. Chakula cha mchana ni cha wageni wote. Asubuhi ile ya kumenya ni ya kwao. Nilikuwa nimekaa mjini mpaka nikaisahau, au nilidhani watafurahi kupumzishwa.

Walisimama uani. Wakatazama jiko. Hapakuwa na moto, wala chungu cha ndizi, wala ganda lolote chini. Vicheko vikakatika. Mmoja akaingia sebuleni kuangalia, akarudi akawaambia wenzake kwa Kichagga kwamba mezani kuna majani yamevishwa plastiki.

Jirani wa upande wa chini, yule aliyemsikia ng'ombe, ndiye aliyekuja mbele. Ni mtu wa rika la Mama, mwembamba, ana sauti inayofika bondeni. Akaniongelesha kwa Kiswahili. Siku zote tangu nizaliwe huniongelesha Kichagga, na aliponigeuzia Kiswahili nilijua kwamba nimeshawekwa upande wa wageni.

"Mwanangu, hujambo?"

"Sijambo mama, shikamoo."

"Marahaba. Sasa tumekuja kumenya. Tunamenya nini?"

"Leo hakuna kumenya, mama. Kila kitu kimeshaandaliwa. Tulitaka na nyinyi mpumzike, mkae mle."

"Tupumzike kwa sababu gani? Tumekuwa wagonjwa?"

 Akachungulia jikoni kwa Mama, akatazama ukutani kulikokuwa na vigingi vya kutundikia.

"Na zile sufuria zake kubwa ziko wapi?"

"Ziko Njoro," nikasema. Nilizichukua Mama alipokuwa kwangu, zisiibiwe. Sikuzirudisha. Baada ya lile dole gumba sikuona sababu ya kuzirudisha.

Akatikisa kichwa pole pole, kama mtu anayejumlisha. "Mara ya mwisho mimi kukuta jiko baridi siku ya shughuli ilikuwa kwa wale wa pale juu. Mpishi kutoka mjini, kila kitu tayari, sisi tukakalishwa kwenye viti vya plastiki kama watu wa serikali. Tulikula tukaondoka. Mwezi haukuisha, nyumba ikafungwa kufuli, mama yao akapelekwa kwa watoto. Mpaka leo migomba inaanguka yenyewe. Kwa hiyo nakuuliza, usinifiche. Mnaifunga hii nyumba?"

 Nilitamani ardhi inimeze, nilitamani mdogo wangu awe amesimama pale badala yangu na video zake zote. Mama hakuinuka. Aliniangalia kutoka pale mlangoni, fimbo mapajani, na sauti yake haikuwa na hasira hata kidogo, jambo lililoniumiza zaidi.

"Mjibu," akasema. "Umeulizwa na mtu mzima."

"Mama, tulitaka tuongee jioni."

"Jioni ya leo?"

"Ndiyo."

"Na safari ni lini?"

Nikashindwa kumdanganya. "Kesho," nikasema.

Nilitegemea kilio au matusi. Ningependa matusi, ningeyajibu. Mama alipapasa kichwa cha fimbo kwa kidole gumba. Kisha akawaambia wale wanawake, kwa Kichagga, waingie wamtolee hayo majani aliyoyaleta binti yake, ayaone.

Zikaja sahani zangu, moja baada ya nyingine, zikawekwa chini kwenye majani makavu. Nikasema zisifunuliwe mpaka wageni wafike, zitakauka. Jirani alishachana plastiki kwa ncha ya kisu. Mama akaokota kijiti cha karoti akakiangalia juu na chini.

"Huu urefu ni wa meno ya nani?"

Hapo wakacheka, wote, na kicheko kikawarudisha. Mmoja akasema koo la yule mchungaji mstaafu wa jirani halipitishi hiyo kuni. Mwingine akatafuna hoho akasema tamu, ila hii ni ya kuchanganya na kitunguu, si ya kuliwa kama embe. Wakakaa duara. Visu vikafunguliwa kutoka kwenye mapindo ya kanga. Wakaanza kukata upya kila nilichokikata, jua langu linalochomoza wakalikata vipande vidogo vidogo kama kichwa cha kiberiti, karoti, matango, hoho nyekundu za katikati, vyote vikaingia kwenye mabeseni na vitunguu na pilipili na ndimu, vikawa kachumbari. Nilisimama pale na kanga yangu safi. Ninawaambia ukweli, nilitaka kulia kwa hasira. Kazi ya siku nzima! Shingo yangu ilikuwa bado inauma kwa ajili ya zile kona! Nikasema, "Jamani, mnaharibu," na hakuna aliyeacha kukata. Jirani akanisogezea kigoda kwa mguu na kunipa kitunguu.

"Menya," akasema, kwa Kichagga.

Nikamenya, kwa hiyo nikapata kisingizio cha machozi.

Kachumbari haikuwatosha. Mmoja alituma kwake zikaletwa ndizi, mwingine maharage aliyokuwa ameshayachemsha, na kwa kuwa sufuria za Mama zilikuwa Njoro, kila mtu akaenda kuleta ya kwake. Zikaja sufuria nyeusi kwa masizi, sufuria zisizo na mfuniko, beseni la maua, kibuyu cha maziwa. Moto ukawashwa kwa kuni zilizopasuliwa jana. Mama akapewa kisu. Mimi nilikuwa sijamwachia kisu tangu avunjike mguu, sijui kwa nini, kana kwamba alivunjika mkono. Alimenya ndizi akiwa amekaa kwenye kiti, tofauti na wenzake waliokaa chini, akawa anawasimulia jinsi Njoro joto linavyomlaza mtu mchana na maji yanavyotoka bombani yana ladha ya dawa. Walimwonea huruma. Nilikuwepo, nasikia, na kitunguu mkononi.

Mdogo wangu alifika na kaka yetu karibu na saa sita, wamependeza, gari linang'aa. Cha kwanza aliniuliza, "Dada, sahani ziko wapi? Nataka nipige picha kabla watu hawajagusa."

"Zimekatwa."

"Zimekatwa vipi? Si zilishakatwa?"

Nikamwonyesha mabeseni. Akatazama kachumbari, akatazama kiburu kinachopondwa kwenye sufuria ya mtu, ndizi na maharage yakitoa mvuke, akamtazama Mama mwenye vidole vyeusi kwa utomvu. "Dada, aisee, umeniangusha," akasema. Nilimwambia kwa sauti ya chini kwamba Mama anajua. Nilimwambia pia kwamba aliyemwambia ni jiko baridi. Hakunielewa, na sikuwa na nguvu ya kumweleza.

Mwinjilisti wa mtaa alikuja, tukaimba, neno likasomwa. Mama alisimama mwenyewe kutoa shukrani. Alisema anamshukuru Mungu kwa mguu, na jirani yake kwa masikio. Akakaa. Hakutaja Dar, hakututaja sisi. Chakula cha mpishi wa mjini kililiwa na wageni wa mjini, na wenyeji walikula kiburu na kachumbari, na kaka yangu alikula vyote.

Ilikuwa baada ya hapo, watu wanaanza kuaga, ndipo Mama alipofanya jambo lake. Yule jirani wa chini aliinama kuchukua sufuria yake.

"Hiyo iache," Mama akasema.

"Naenda kuisugua nyumbani."

"Nimepikia watu kwenye chombo chako. Nitakusugulia mimi, nitakuletea mimi."

Kwetu chombo cha mtu hakirudishwi kitupu. Unakirudisha na maziwa ndani, au ndizi chache, au magimbi, chochote ulichojaliwa, na unakipeleka mwenyewe, unakaa, unasalimia. Mdogo wangu alilijua hilo kama mimi. Aliona kinachokuja, akapandisha mikono ya gauni lake la bei na kusema kwa haraka kwamba vyombo vyote vioshwe sasa hivi, maji yapo, kisha atavizungusha na gari nyumba kwa nyumba, dakika chache tu.

"Hapana," Mama akasema. "Nitavirudisha kwa miguu yangu. Si ndiyo tuliyokuwa tunaishukuria leo?"

Mwinjilisti, ambaye hakujua lolote, akaitikia, "Amina."

Jirani alimtazama Mama. Nilimwona akielewa, maana alisimama pale akijizuia kucheka. Akaiweka sufuria chini taratibu. Kisha akafungua kanga, akakitoa kisu chake alichokuwa ameshakifunga, akakiweka ndani ya sufuria. Akasema hana haraka nacho. Mwingine akaliacha beseni la maua. Mwingine aliyekuwa ameshafika kwenye migomba akarudi na kibuyu chake akakiweka mlangoni.  Wakaondoka wote mikono mitupu, wakicheka njia nzima, na jiko la Mama likabaki limejaa masufuria ya kijiji.

Huwezi kufunga nyumba yenye vyombo vya watu ndani. Hata mdogo wangu, na Dar yake yote, hakuthubutu. Jumapili tulikaa sebuleni watoto watatu na Mama mmoja, tukaongea tulichopanga kuongea, na Mama alisikiliza vizuri, akatuletea chai, akasema hana ubishi. Akimaliza kurudisha vyombo, tutazungumza. Mdogo wangu aliondoka mchana na kiti cha nyuma kitupu, akanikumbatia kwa nguvu zaidi ya kawaida na kuniambia sikioni nihakikishe anarudisha haraka. Eti nihakikishe. Nani? Aliye karibu.

Nilimpelekea Mama sufuria zake kubwa wiki iliyofuata, bila kuandika kwenye kundi. Nilizitundika kwenye vigingi vyake mwenyewe. Aliziangalia, akasema moja nimeikwaruza.

Na bado ni mimi ninayepanda. Bado hapokei simu. Bado nazipita zile kona kwa wasiwasi, na kukereka nikifika, na kukereka kwangu kumenizoea kiasi kwamba nikishuka bila kukereka najiuliza kama Mama anaumwa. Mdogo wangu hupiga simu kuulizia vyombo. Mwanzo alikuwa anaulizia kila siku chache. Anauliza kwa upole, kama anavyouliza mtu maendeleo ya ujenzi.

Juzi alipiga nikiwa hukohuko juu, nimesimama jikoni kwa Mama namsubiri. Nilikuwa nimeambiwa amepanda kwa jirani mmojawapo wa upande wa juu asubuhi kurudisha sufuria, na ndani ameweka maziwa. Wakati simu iko sikioni nikamwona anashuka kwenye migomba, polepole, fimbo mkono mmoja, kikapu mkono mwingine, na hakuniruhusu nimpokee. Alikaa kwenye kiti chake akavuta pumzi. Kutoka kwenye kikapu akatoa sufuria nyingine, siyo ile aliyoipeleka, imejaa magimbi, na juu yake bakuli la udongo ambalo sijawahi kuliona nyumbani kwetu.

"Hizi za nani tena?" nikamuuliza.

"Za huyohuyo. Nimempelekea yake, akanipa magimbi na mbegu za maharage. Ulitaka nibebe kwenye nini?"

"Dada?" mdogo wangu akaita kwenye simu. "Unanisikia? Nauliza vyombo. Vimebaki vingi?"

Nikatazama rafu, nikatazama sakafuni pembeni mwa kuni, nikatazama mlango ambao ulikuwa umezibwa nusu na beseni la mtu.

"Vimeongezeka," nikamwambia.